Marc Bekoff na hisia za wanyama: uchambuzi wa kisa cha mtafiti aliyekataa kuendelea kuua

Kabla hajapata shahada yake ya uzamivu mwaka 1972, Marc Bekoff, kijana mzaliwa wa Brooklyn ambaye baadaye alikuja kuwa mtafiti wa tabia za wanyama, alipitia Chuo cha Tiba cha Cornell mjini New York akiwa mwanafunzi wa utafiti. Kazi yake ilihusu ubongo wa paka. Katika kazi za namna hiyo mwisho wa paka hujulikana tangu siku ya kwanza: majaribio yakiisha anauawa, ubongo unatolewa, unachunguzwa. Mmoja wa paka wake aliitwa Speedo, mwerevu, asiye na woga. Siku Bekoff alipokwenda kumtoa kizimbani kwa mara ya mwisho, Speedo alimkazia macho. Bekoff amesimulia kwamba katika macho yale alisoma swali: kwa nini mimi? Alifanya alichotakiwa kufanya huku machozi yakimtoka. Kisha akaachana na programu ile.

Nimekichagua kisa hiki kwa sababu kinabeba swali ambalo watafiti wengi hulipita kando. Mtu akishaamini kwamba mnyama aliye mbele yake anahisi, sayansi yake inabadilika vipi? Wapo wanaosema huruma hupofusha macho ya mtafiti. Bekoff amejibu kwa maisha yake ya kazi ya zaidi ya miaka 40, na nikiyapitia naona kwamba huruma ilimpa macho makali pale alipovumilia kutazama kwa muda mrefu, na ilimponyoka pale alipoiacha itangulie mbele ya ushahidi. Yote mawili yanastahili kuangaliwa kwa karibu.

Taaluma aliyoikuta

Charles Darwin aliandika kitabu kizima mwaka 1872 kuhusu jinsi binadamu na wanyama wanavyoonyesha hisia, wala hakuona haya kuzungumzia furaha ya mbwa. Mwaka 1894 mwanasaikolojia wa Uingereza Conwy Lloyd Morgan akatoa kanuni yake maarufu: tendo la mnyama lisielezwe kwa uwezo wa juu wa akili ikiwa uwezo wa chini unatosha kulieleza. Kanuni yenyewe haina ubaya. Ubaya uliingia katika karne ya 20, pale wanasaikolojia wenye nguvu waliposhikilia kwamba cha kuzungumzia ni kichocheo na itikio tu, na kilichopo katikati kiachwe. Kuandika kwamba panya ameogopa likawa kosa la kitaaluma. Donald Griffin alikuwa ameshajijengea heshima kwa kueleza jinsi popo wanavyosafiri gizani kwa mwangwi wa sauti zao, lakini alipochapisha kitabu mwaka 1976 akiuliza kama wanyama wana utambuzi, wenzake wengi walimwona amepotoka.

Katika mazingira hayo, mwanafunzi anayesema paka amemtazama na kumuuliza swali hakuwa na pa kulipeleka jambo hilo. Lisingeingia kwenye jedwali lolote. Ilibidi atafute mahali ambapo hisia za mnyama zinaonekana kwa nje, zinaweza kupigwa picha, kuhesabiwa na kurudiwa na mtu mwingine. Mahali hapo alipapata kwenye mchezo.

Watoto wa koyote wanapocheza

Bekoff alikwenda Chuo Kikuu cha Washington kilichopo St. Louis, akasoma chini ya Michael W. Fox, na akachagua kuchunguza watoto wa mbwa, wa mbwa mwitu (wolf kwa Kiingereza) na wa koyote. Koyote ni jamaa wa mbwa mwitu, mdogo wake kwa umbo, anayeishi Amerika Kaskazini. Mwaka 1974 alianza kazi Chuo Kikuu cha Colorado mjini Boulder, akabaki huko hadi kustaafu.

Fumbo la mchezo ni hili. Wanyama wa jamii ya mbwa wanapocheza hutumia vitendo vilevile vya kupigana, kuwinda na kupandana. Wanang'ata, wanakimbiza, wanaangushana chini, na meno ni yaleyale. Mmoja atajuaje kwamba mwenzake anayemrukia shingoni anatania? Bekoff alichukua filamu za wanyama hawa na kuzitazama picha moja baada ya nyingine, kazi inayokula saa nyingi kwa dakika chache za mchezo. Ishara iliyomvutia inajulikana na kila aliyeishi na mbwa. Mbwa anashusha kifua karibu na ardhi, miguu ya mbele imenyooka, makalio yamebaki juu, na mara nyingi mkia unatikisika. Anakaa hivyo kwa nukta chache, kisha anaruka pembeni. Katika makala yake ya mwaka 1977 kwenye jarida la Science, Bekoff alionyesha kwamba kuinama huku kuna umbo thabiti, jambo ambalo mtu angelitegemea kwa ishara isiyotakiwa kuleta utata.

Mwaka 1995 aliongeza swali lililo makini zaidi: ndani ya mchezo, ishara hii inatokea wapi? Aliikuta mwanzoni, kama mwaliko. Aliikuta pia katikati, kabla au baada ya vitendo vinavyoweza kueleweka vibaya, hasa kung'ata kunakoambatana na kutikisa kichwa kwa kasi huku na huku, kama mwindaji anavyommaliza mnyama mdogo. Watoto wa koyote, ambao ni wakali kuliko wa mbwa na wa mbwa mwitu na hugombania ukubwa wakiwa bado wadogo sana, ndio walioizungushia ishara hiyo zaidi kwenye kung'ata kwao. Ilikuwa kana kwamba mwenye hatari kubwa ya kueleweka vibaya ndiye mwenye haja kubwa ya kujieleza.

Yapo mengine ya kuona kwenye filamu hizo. Mnyama mkubwa anapocheza na mdogo hupunguza nguvu za taya zake. Aliye juu kwa cheo hukubali kulala chali na kuacha tumbo wazi, jambo ambalo kwenye ugomvi wa kweli asingelithubutu. Anayezidisha ukali hukatiwa mchezo, na wenzake wanaweza kukataa kucheza naye tena. Kutokana na hayo Bekoff alijenga hoja kwamba mchezo una kanuni zake: omba kwanza, kuwa mkweli, ukikosea onyesha hivyo. Mwaka 2009, pamoja na mwanafalsafa Jessica Pierce, aliiendeleza hoja hii katika kitabu kilichodai kwamba wanyama wana namna yao ya maadili.

Dai hilo ni kubwa, na mnyororo wake una pete dhaifu. Katika utafiti wa koyote wa Hifadhi ya Taifa ya Grand Teton, Wyoming, zaidi ya nusu ya vijana walioachana na kundi lao walikufa, ilhali miongoni mwa waliobaki vifo havikufika moja ya tano. Bekoff anaunganisha: asiyecheza kwa haki hujikuta pembeni, aliye pembeni huondoka, anayeondoka hufa mapema, kwa hiyo haki ina faida katika mageuko. Mwanzo na mwisho wa mnyororo huo ni mambo ya kuonekana. Katikati kuna dhana. Kijana wa koyote anaweza kuondoka kwa sababu ya chakula, au kwa sababu ya umri tu, na kijana yeyote anayeingia eneo asilolijua yuko hatarini, awe alicheza kwa haki au la.

Kuinama kwenyewe nako kumepingwa. Mwaka 2016 Sarah-Elizabeth Byosiere na wenzake, akiwamo Barbara Smuts wa Chuo Kikuu cha Michigan, waliwachunguza mbwa wazima wa kufugwa, wakakuta kwamba kuinama hutokea zaidi baada ya mchezo kusimama kidogo, kama njia ya kuuanzisha upya, na kwamba hakukuonekana kufanya kazi ya kufafanua nia kabla au baada ya kung'ata. Kwa mtazamo wangu matokeo hayo hayaubomoi msingi wa Bekoff. Ishara ya kusema tuendelee ni makubaliano pia, na makubaliano hayawezekani kama kila mmoja haangalii mwenzake anataka nini. Yanalipunguza dai lake mahali mahususi, na hilo lisingewezekana kama asingekuwa ameliweka kwa namna inayopimika. Hapa ndipo ninapomheshimu zaidi kuliko penginepo katika kazi yake.

Theluji ya manjano

Kati ya mwaka 1995 na 2000, kwa majira matano ya baridi, Bekoff alitembea na mbwa wake Jethro mjini Boulder akiwa amevaa glavu, akichota theluji iliyokojolewa na kuihamishia mahali pengine kabla Jethro hajafika. Kuna theluji yenye mkojo wa Jethro mwenyewe, ya madume wengine na ya majike. Halafu alipima muda ambao Jethro aliutumia kunusa, na kama alikojoa juu yake.

Wazo lilitokana na kipimo cha kioo alichokianzisha Gordon Gallup mwaka 1970, ambapo mnyama huwekewa alama usoni na kuangaliwa kama ataitambua akijiona kwenye kioo. Mbwa hushindwa kipimo hicho. Lakini mbwa huishi kwa pua, na kumpima kwa macho ni kumwonea. Jethro alitumia muda mfupi zaidi kwenye mkojo wake uliohamishwa kuliko kwenye mkojo wa wengine, na mvuto wake kwa mkojo wake mwenyewe ulififia kwa wakati. Makala ilichapishwa mwaka 2001. Kilichonigusa ni kiasi alichojizuia: alisema Jethro anaonekana kujua kipi ni chake, na akakataa kudai kwamba Jethro ana picha kamili ya nafsi yake. Mbwa mmoja, jibu moja la wastani. Mwaka 2017 Alexandra Horowitz alilichukua wazo hilo akalifanyia jaribio rasmi kwa mbwa 36, akakuta kwamba walinusa zaidi harufu yao ilipokuwa imebadilishwa kuliko ilipokuwa kama kawaida.

Mtu mwenye haraka angeweza kucheka utafiti wa kuhamisha theluji yenye mkojo. Lakini swali hilo lisingemjia mtu asiyeishi na mbwa na kumfikiria kama mwenye mambo yake.

Ndege waliosimama kumzunguka mwenzao

Upande wa pili wa Bekoff unaonekana katika simulizi ya ndege wa magpie, weusi na weupe, wa jamii ya kunguru. Aliwakuta wanne wamesimama kumzunguka mmoja aliyekufa. Mmoja akamgusa kwa mdomo taratibu, mwingine naye akafanya hivyo. Mmoja akaruka, akarudi na majani, akayaweka kando ya mwili. Mwingine akafanya vilevile. Wakasimama kwa nukta chache, kisha wakaondoka mmoja mmoja. Bekoff aliichapisha simulizi hiyo mwaka 2009 akiiita ushahidi wa maombolezo.

Siamini kwamba alibuni. Ninachouliza ni kama alichokiona kinatosha. Mwaka 2015 Kaeli Swift na John Marzluff wa Chuo Kikuu cha Washington kilichopo Seattle walichapisha utafiti kuhusu kunguru: mtu aliyevaa barakoa alisimama mahali pa chakula akiwa ameshika kunguru aliyekufa. Kunguru walikusanyika, wakapiga kelele, wakaanza kupakwepa mahali pale, na wiki kadhaa baadaye waliendelea kumpigia kelele mwenye barakoa hiyo. Inaelekea kukusanyika kwenye mzoga ni njia ya kujifunza hatari iko wapi. Hilo halizuii huzuni kuwapo pia. Mtu anayefika kwenye ajali barabarani hushtuka na papo hapo hujifunza kuogopa kona ile. Hata hivyo, majani kando ya mzoga mara moja hayatuambii ni kipi kilichokuwa ndani ya ndege, na Bekoff aliyevumilia majira matano ya baridi kwa swali la mkojo hapa aliridhika na tukio moja.

Hoja yake ya kujitetea ni kwamba simulizi nyingi zikikusanywa huwa data. Nakubali nusu yake. Simulizi nyingi huonyesha mahali pa kuchimba. Hoja yake nyingine ni nzito zaidi, nayo imebadilisha mjadala: kwa kuwa tuna ukoo mmoja na mamalia wengine, na sehemu za ubongo zinazobeba hofu na raha tumezirithi pamoja nao, anayekana kwamba mbwa anahisi ndiye anayepaswa kuleta ushahidi. Tarehe 7 Julai 2012 kundi la wanasayansi wa ubongo lilitia saini tamko mjini Cambridge likisema kwamba mamalia wote, ndege wote na viumbe wengine kama pweza wanazo sehemu za mfumo wa neva zinazozalisha utambuzi. Bekoff alilipokea kwa furaha iliyochanganyika na kukosa subira. Kwake lilikuwa limechelewa, na alitaka kujua kama waliotia saini wangebadilisha namna wanavyowatendea wanyama.

Kutoka kujua hadi kutenda

Mwaka 2000 Bekoff na Jane Goodall, mtafiti maarufu wa sokwe, walianzisha umoja wa wataalamu wa tabia za wanyama wanaotaka wanyama watendewe kwa maadili. Kwa miaka mingi pia aliendesha darasa kuhusu tabia za wanyama kwa wafungwa wa gereza la kaunti ya Boulder, chini ya mpango wa Goodall wa Roots & Shoots. Hakujitoa mwenyewe kwenye lawama. Miaka yake ya mwanzo alifanya majaribio ambamo koyote walipewa panya na vifaranga hai wawaue huku yeye akiandika. Ameandika waziwazi kwamba alikosea na kwamba asingerudia. Aliyasema hayo akiwa mtafiti mwenye jina, jambo ambalo wengi wenye jina hawalithubutu.

Mwaka 1999 jimbo lake lilimpa mtihani. Idara ya wanyamapori ya Colorado ilianza kuwarudisha linksi, paka mwitu mwenye nyayo pana za kukanyagia theluji, kwenye milima ya San Juan. Walikamatwa Kanada na Alaska, wakasafirishwa, wakaachiwa. Kadhaa kati ya wale wa mwanzo kabisa walikufa kwa njaa. Kwa wasimamizi wa mradi, hasara fulani ilikuwa sehemu ya hesabu, kwa kuwa lengo lilikuwa kurudisha spishi. Bekoff alipaza sauti: linksi anayekufa njaa mlimani hajui kwamba anaitumikia spishi, na hakuna aliyemuuliza. Utaratibu ulibadilishwa. Waliofuata walikaa kizuizini kwa muda mrefu zaidi, wakalishwa wakanawiri, wakaachiwa majira ya kuchipua. Hadi mwaka 2006 walikuwa wameachiwa 218, na mwaka 2010 mradi ukatangazwa kuwa umefanikiwa. Kumjali mnyama mmoja mmoja kulienda sambamba na kuiokoa spishi, na ningependa wahifadhi wengi wakisome kisa hicho kwa makini.

Lakini si kila mahali mambo hukubaliana hivyo. Bekoff ni miongoni mwa sauti kuu za uhifadhi wenye huruma, unaoanza na sharti la kutodhuru na kukataa kuua wanyama kwa jina la kuhifadhi wengine. Tuupeleke kwenye kisiwa cha Gough, kusini mwa Atlantiki. Panya wadogo walioletwa na meli katika karne ya 19 huwatafuna usiku makinda wa albatrosi wakiwa hai, kwenye viota vyao, na ndege hao wako katika hatari ya kutoweka. Mwaka 2021 ilifanyika operesheni kubwa ya kuwaua panya wote kwa sumu, nayo haikufanikiwa. Sumu ile ni mateso kwa panya. Kutafunwa siku baada ya siku ni mateso kwa kinda. Hakuna chaguo lisilo na maumivu, na sharti la kutodhuru linanyamaza hasa pale tunapolihitaji. Wahifadhi wanaompinga Bekoff wanasema huruma yake humwona anayeuawa na mtu na kumsahau anayeuawa kwa sababu mtu alikaa kando. Katika hili naona wana haki. Kinda wa albatrosi naye ni mmoja, kama Speedo alivyokuwa mmoja.

Hata hivyo siwezi kuwapa ushindi wote. Kabla ya watu kama Bekoff, swali la panya anateseka kwa muda gani halikuwa hata kwenye ajenda ya operesheni kama hizo. Leo anayependekeza sumu anadaiwa maelezo: kwa nini hii, kwa nini sasa, na kama ipo njia inayoua kwa mateso machache zaidi.

Panya wa maabara

Mwishoni mwa mwaka 2011, watafiti wa Chuo Kikuu cha Chicago walichapisha jaribio ambalo Bekoff amelitaja mara nyingi. Panya mmoja alifungiwa ndani ya mrija wa plastiki wenye kijilango kinachofunguka kwa nje tu, mwenzake akaachwa huru kando yake. Baada ya siku kadhaa za kuhangaika, wengi wa panya waliokuwa huru walijifunza kufungua mlango na kumtoa mwenzao. Walipowekewa mrija wa pili wenye vipande vya chokoleti, waliifungua yote miwili, na mara nyingi mfungwa aliyetolewa alipata sehemu ya chokoleti. Wapo waliosema panya walitaka tu mtu wa kuwa naye, na ubishi huo unaendelea kama inavyopasa.

Sheria ya Marekani ya ustawi wa wanyama, iliyoanza mwaka 1966, haimlindi panya huyo. Marekebisho ya mwaka 2002 yaliwaondoa moja kwa moja panya, panya wadogo na ndege wanaozalishwa kwa ajili ya utafiti, ambao ndio sehemu kubwa kabisa ya wanyama wanaotumika maabara nchini humo. Uingereza ilipopitisha sheria yake mwaka 2022 ikitambua kwamba wanyama wanahisi, iliwaingiza hadi pweza, kaa na kamba. Hali ya Marekani haiwezi kutetewa kwa kusema ushahidi haujatosha, maana maabara zilezile huwatumia panya kutafuta dawa za wasiwasi na sonona, ugonjwa usioweza kuchunguzwa kwa kiumbe asiyehisi kitu. Bekoff amekuwa akiwaambia wenzake hivyo kwa miaka mingi, kwenye mihadhara na kwenye vitabu, na hadi leo marekebisho yale ya 2002 yapo palepale.